Mguu wa Kushoto wa Don Sisifredo

Watu wa ng'ambo ya mto Palo walitutania miaka nenda rudi kwamba nyumba yetu ni nyumba ya mabata. Grima, huu mchezo wetu wa panga na fimbo, una walimu wengi, na kila mwalimu ana nyumba yake, na kila nyumba ina mwendo wake. Sisi wa Don Sisifredo Viáfara tulijulikana kwa mguu wa kushoto. Hatukuuinua, tuliuburuta. Ukiingia uwanjani tu, hujataja hata jina, watu wameshasema huyo ni wa Sisifredo. Na mimi, Hermila Balanta, niliuburuta kwa maringo miaka kumi na tisa, mpaka nikawa nauburuta hata nikienda kupokea komunyo.

Mimi sina maneno ya kupaka mafuta. Nitalisema lilivyokuwa.

Mwaka ule Don Sisifredo alitimiza miaka sabini na tisa, akatangaza kuwa jaribio la sikukuu ya kijiji ndilo la mwisho. Mwanafunzi akishinda, nyumba inaendelea. Asiposhinda, basi. Kila nyumba ina daftari moja, lenye picha za nyayo na maelezo ya kila pigo, lililoandikwa na mwalimu, na mwalimu wake, na mwalimu wa mwalimu wake. Haliuzwi, haliazimwi, halinakiliwi. Ama mwanafunzi analishinda, ama linalazwa jenezani kifuani pa mwenyewe. Nimeshuhudia majeneza matatu ya namna hiyo, na kila mara nililia kuliko wafiwa.

Msinicheke. Don Sisifredo alitusimulia kila Jumamosi, na sitachoka kusimulia. Mababu zetu, walioletwa huku utumwani, walishika panga kukata miwa ya watu wengine. Wakawatazama maofisa wakicheza na panga zao ndefu za kijeshi, wakachukua hesabu ya zile hatua, wakaichanganya na miguu waliyokuja nayo kutoka Afrika. Kisha wakaitwa kwenye vita vya watu wengine, wakaahidiwa ardhi, wakapigana, wakarudi bila ardhi. Kakao tuliyopanda baadaye imemezwa na miwa, ukisimama mlangoni kwangu huoni kitu kingine. Kwa hiyo lile daftari ndilo shamba pekee walilotuachia. Nilikuwa na miaka arobaini na sita, na nilijiapiza kuwa halitaingia kaburini nikiwa hai.

Jaribio lenyewe ni hivi. Unavaa nguo nyeupe, unashika fimbo peke yake. Mwalimu wa nyumba nyingine anakuja na panga la mti lililopakwa masizi. Kina mama wanasali Salamu Maria ishirini, na katika muda huo wote yeye anakushambulia. Sala ya mwisho ikiisha, nguo yako isiwe na doa hata moja. Na huruhusiwi kumwumiza, kwa sababu kwetu kazi ya grima ni kumrudisha kila mtu kwake mzima, wewe na yule aliyekuja kukukata. Ukimaliza, mwalimu wako anasimama na kutamka mbele ya watu kwamba huo ni mchezo wa nyumba yake. Asipotamka, hata uwe mweupe kama unga, hupati kitu.

Wanaume wawili walishajaribu kabla yangu. Mmoja ana kifua kama mlango. Wote wawili walianguka mikononi mwa Otoniel Lucumí wa ng'ambo, na wote wawili walitoka na doa mahali pamoja, kwenye muundi wa kushoto. Watu wakasema Otoniel ana mkono mwepesi. Nami nilisema hivyo hivyo, kama kasuku.

Kisha ikaja mvua ya Mei. Tulikuwa tumefanya mazoezi uani kwa Don Sisifredo, matope yakiwa laini, na wenzangu walipokwenda kunywa maji moto ya sukari guru nikabaki nikijipangusa. Nikatazama chini. Nyayo za kulia zilikuwa safi, kisigino na vidole. Za kushoto zilikuwa mifereji. Mifereji yangu, mifereji ya wenzangu, na pembeni, pale mzee alipokuwa amesimama kutuonyesha, mifereji mingine sawasawa na yetu. Ila mzee ana sababu. Akiwa na miaka thelathini, behewa la miwa lilimbana goti. Mwaka uliofuata ndipo alipofungua nyumba. Hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kumwona akitembea kabla ya behewa lile.

Yaani mtu mzima na akili zangu, miaka kumi na tisa nafanya mazoezi ya kuchechemea!

Sikutaka kuamini haraka, nikapima. Nyumbani nilichora mstari wa majivu sakafuni, nikamwambia dada yangu Ludivia anirushie mwiko kutoka begani hadi muundini, huku akisali kwa sauti. Mwiko ulifika kwa neno moja, Salamu. Mguu nilioinua ulihama kwa neno hilo hilo. Mguu niliouburuta ulitaka maneno mawili, Salamu Maria, kwa sababu ardhi inaushika na uzito wa mwili bado umeukalia. Tulirudia mara thelathini. Neno moja, maneno mawili, neno moja, maneno mawili. Otoniel hakuwa na mkono mwepesi hata kidogo. Alikuwa na mkono wa kawaida na macho mazuri. Alilisubiri lile neno la pili. Ludivia alisema muundi wangu umevimba na kwamba mimi nimerukwa na akili, na yote mawili yalikuwa kweli.

Jumamosi iliyofuata nikamwomba mzee anionyeshe tena ukurasa wa nne, ule wa hatua ya kurudi nyuma. Picha ilichorwa na mwalimu wa mwalimu wake. Nyayo mbili, zote safi, hakuna mfereji.

Nikamwuliza, kwa upole ambao si wangu, kama mguu wa kushoto hauwezi kuinuliwa kidogo pale. Akafunga daftari. Akaniambia kuburuta ndiko kusoma ardhi, ndiyo siri ya nyumba, na anayetaka kurukaruka avuke mto akajiunge na Otoniel. Wenzangu waliokuwa karibu wakanitolea macho kana kwamba nimetema mate kanisani. Nikaomba radhi, nikaondoka.

Njiani nilikasirika mpaka machozi yakanitoka. Nikiuburuta mguu, Otoniel atanipaka masizi na daftari litazikwa. Nikiuinua, mzee anaweza kukataa kutamka, na daftari litazikwa vile vile. Nililiwaza jambo hilo usiku mmoja tu. Asubuhi nikasema, heri nishindwe kwa haki. Nikaanza upya.

Kufundisha mguu kitu kipya ni kazi, lakini kuusahaulisha kitu cha zamani ni mateso. Kila alfajiri kabla ya kwenda kufua nguo za wakata miwa, nilipiga hatua mia tatu juu ya majivu, na kila nilipoacha mfereji nilianza kuhesabu upya tangu moja. Wiki ya kwanza sikufika hamsini. Wiki ya tatu niliota nachechemea, nikaamka nikijitukana. Wiki ya saba nilifika mia tatu mara moja tu, na kesho yake nikaharibu kwenye ya kumi na mbili. Ludivia akanishauri niachane nayo, nami nikamshauri afunge mdomo na arushe mwiko. Mbele ya mzee niliendelea kuburuta, na niliona aibu kumdanganya.

Jumapili ya sikukuu, baada ya misa, watu walijaa uani. Otoniel alikuja na panga lake jeusi tititi, akanisalimia kwa heshima zote, kisha akaniambia taratibu, "Dada, mguu wako mzuri ni upi, nisije nikauumiza?" Watu wake wakacheka. Nikamjibu kwamba yote ni mizuri, aje achague.

Kina mama wakaanza. Sala tano za kwanza alinipima tu, bega, kichwa, ubavu, nami niliondoa kila pigo kwa fimbo. Sala ya sita akashuka. Nilimwona akiteremsha jicho kabla ya mkono, kuelekea muundi wangu wa kushoto, na mwili wangu wote ulitaka kuburuta. Miaka kumi na tisa ilinivuta chini. Nikauinua. Panga lilipita hewani, nami nikasikia kina mama wakifika kwenye Maria.

Otoniel akarudi hatua moja, akanitazama upya. Aliacha kutabasamu. Kuanzia hapo alinishambulia kwa bidii, na alistahili sifa zake zote. Alirudi muundini mara nne, na mara nne mguu haukuwepo. Sala ya kumi na saba fimbo yangu ilikaa kwenye kifundo cha mkono wake, ningeweza kukivunja, nikaiondoa. Ya ishirini ilipoisha alishusha panga, akanizunguka, akakagua nguo yangu mbele na nyuma, akainua mikono kuwaonyesha watu kwamba hakuna kitu.

Hakuna aliyeshangilia. Wote walimgeukia Don Sisifredo.

Mzee alikuwa amesimama kwa shida, daftari mkononi.

"Mguu huo umeutoa wapi?" aliuliza.

"Ukurasa wa nne, Mwalimu."

Alilifungua palepale, juani, akalisogeza karibu na macho. Alikaa nalo muda mrefu. Kisha akatazama goti lake, akatazama miguu ya wanafunzi wake waliopanga mstari ukutani, mmoja baada ya mwingine, na wale wawili walioshindwa wakainamisha vichwa. Nilimwona akielewa. Sipendi kukumbuka uso ule.

"Umejua tangu lini?"

"Tangu mvua ya Mei."

"Na ulinyamaza."

"Nilikuuliza, Mwalimu. Ukaniambia nivuke mto."

Hapo akapandisha sauti, sauti ambayo hakuwa nayo tena kwa miaka. "Miaka arobaini na nane! Watu wazima mmejipanga nyuma yangu mnaiga kilema changu, mnaniacha niwaharibu, halafu mnaiita heshima!"

Nami, kwa kuwa ndivyo nilivyo, sikuweza kunyamaza. Nikamwambia kwamba yeye ndiye aliyetuambia ni siri ya nyumba. Akakaa kwenye kiti. Kisha akasema, polepole sasa, kwamba si yeye aliyeanza. Wanafunzi wake wa kwanza walidhani ni ufundi, wakasifu, wakasema mwalimu anasoma ardhi. Na yeye alikuwa kijana, juzi tu alikuwa akirukaruka kama mbuzi, leo goti halikunjiki.

"Ilikuwa tamu kuliko kuitwa kiwete," alisema. "Mwishowe nikaamini mwenyewe."

Nililia waziwazi, mbele ya watu wa ng'ambo na wote. Mzee akajishikilia kwenye fimbo yangu, akasimama, akatamka kwa sauti ya kusikika hadi barabarani kwamba huu ndio mchezo wa nyumba yake. Akanipa daftari. Nilipotaka kulibusu akanizuia, akaomba kalamu, akaniamuru niandike kwenye ukurasa wa nne, chini ya picha. Niandike kwamba Sisifredo Viáfara alifundisha hatua hii vibaya kwa sababu ya goti, na wanafunzi wake wakamwogopa. Niliuliza kama niweke jina lake kweli. Akasema, jina lote, na kwa wino.

Alifariki mwaka uliofuata. Tulimzika bila daftari. Otoniel alikuwa mmoja wa waliobeba jeneza.

Sasa nina wanafunzi kumi na mmoja, na hakuna anayeburuta mguu. Wiki iliyopita, katikati ya mazoezi, Yolima, binti anayeuza samaki sokoni na ambaye hajatimiza hata mwaka kwangu, aliinua mkono akasema, "Mwalimu, samahani, mbona bega lako la kulia linapanda kabla ya pigo la tano? Sisi sote tumeanza kupandisha."

Damu ilinipanda kichwani. Nilikuwa na majibu matatu mdomoni, na yote matatu yangemtoa machozi. Nikalipiga lile pigo mara kumi mbele yake, nikamwambia atazame vizuri na aseme tena bila samahani. Akatazama. Akasema linapanda, kila mara.

Nikaenda ndani, nikalileta daftari, nikampa kalamu.