Kofia za Ng'ambo ya Reli

Mimi, Cleotis Purdom, sijalia tangu niachishwe ziwa. Nimevunjika vidole viwili, nimekanyagwa mbavu na jitu la kilo mia na ishirini, nimekula uji wa mahindi wa bweni la Chuo cha Mount Gilead miaka mitatu mfululizo, na chozi halijatoka. Muulizeni yeyote hapa Alabama.

Agosti 1947, saa nne asubuhi, lori la chuo cha Wazungu lilivuka reli na kutumwagia mzigo wetu wa kila mwaka nyuma ya jiko: jezi zenye viraka, viatu vilivyolika visigino, na kofia thelathini za ngozi za kuchezea mpira wa Kimarekani, ambazo wenyewe walikwisha kuzichoka. Miss Ozella, mama aliyetufulia na kutushonea, alizisugua kwa sabuni kali hadi majina ya Wazungu yaliyoandikwa ndani yakafutika. Sauti hazikufutika.

Siku ya kwanza ya mazoezi nilivaa ya kwangu, nikasikia mtu mzima ananifokea masikioni: "Whitfield! Kushoto, mzembe wewe! Unakimbia kama bata aliyeshiba!"

Nikaivua, nikachungulia ndani. Mlikuwa na harufu ya jasho tu.

"Kocha," nikasema, "kofia yangu inaongea."

Kocha Boykin alikuwa ameinama anafunga kamba za viatu. "Inasema nini?"

"Inasema niende kushoto."

"Sasa unangoja nini?"

Zote thelathini zilikuwa hivyo. Kila moja ilikuwa imeweka maneno ambayo Mzungu mwenye kofia alifokewa na kocha wake msimu uliopita: nani ambane nani, nani apokee pasi, nani ajiangushe kwa hila. Ezell Gadsden, mpiga pasi wetu, aliandika yote katika daftari lake la kemia. Kufikia Oktoba tuliujua mchezo wa Wazungu kuliko walivyoujua wao, kwa sababu kocha wao hakuwa amebadilisha kitu kwa miaka minane. Mimi nilishazoea kuitika Whitfield. Hata kanisani mtu akiniita Cleotis nilikuwa nachelewa kugeuka.

Tulicheza mechi tisa na vyuo vya weusi wenzetu. Tulikwenda kwa basi bovu, kuku wa kukaanga tumewabeba kwenye maboksi ya viatu, maana hapakuwa na mgahawa njiani ambao ungetuuzia hata maji. Haja tulimalizia vichakani, kwa zamu. Tukashinda zote tisa. Gazeti la mji likaandika bei ya nguruwe, likaandika kupotea kwa mbwa wa mke wa jaji, na alipopatikana likaandika tena. Matokeo yetu halikuandika hata mara moja.

Hapo ndipo Kocha alipoketi akawaandikia barua wale wa ng'ambo ya reli. Aliomba mechi moja tu. Siku yoyote, uwanja wowote, hata alfajiri bila watazamaji, hata bila kutangaza nani kashinda. Sisi wenyewe tungejua, na hilo ndilo pekee tulilolitaka.

Jibu lilikuja baada ya wiki mbili, limechapwa vizuri kwa taipureta: sheria hairuhusu, wala desturi. Pamoja na salamu njema, walituletea kofia sita zaidi.

Jumamosi ya mwisho ya Novemba wao walikuwa na mechi yao kubwa, nasi tukaenda kutazama. Sehemu ya watu weusi ilikuwa nyuma ya goli, nyuma ya kamba, ubavuni mwa vyoo. Tulikaa mstari mmoja, kila mtu na kofia yake mapajani.

"Sasa wanapita kulia," Gadsden akasema. "Namba ishirini anajiangusha."

Namba ishirini akajiangusha.

"Sasa pasi ndefu kwa Whitfield."

Ikaja pasi ndefu kwa Whitfield.

"Gadsden, kaka, funga domo," nikamwambia. "Unatumalizia utamu."

"Nyie weusi huko, kelele!" polisi akasema.

Walishinda. Kipaza sauti kikatangaza: "Mabingwa wa jimbo! Hakuna timu Alabama nzima iliyowaweza!" Whitfield alibebwa mabegani akapitishwa mbele yetu, hatua ishirini hivi, mwembamba, ana mafua. Ningemwangusha kwa mkono mmoja. Kofia thelathini zilikuwa zinapiga kelele mapajani mwetu, kushoto, kushoto, mbane huyo, na kamba ilikuwa pale pale. Hakuna aliyeinuka. Baridi ilikuwa kali, ndiyo maana mimi nilivaa kofia yangu na kukaa nayo hadi uwanja ulipobaki mtupu.

Jumatatu Miss Ozella alikusanya vifaa. Kofia tukimaliza kuzitumia sisi hazitupwi; zinakwenda shule ya sekondari ya watu weusi, nako wanashukuru. Aliziweka sikioni moja moja, kama mtu anayechagua tikitimaji, kisha akazitia guniani. Ya kwangu alikaa nayo.

"Cleotis."

Niliitika upesi safari hii. "Naam, Miss Ozella."

"Hii inalia."

"Ah, huyo Whitfield huyo. Laini kama siagi."

Akaiweka tena sikioni, akasikiliza mpaka mwisho, ananitazama.

"Whitfield ni bingwa wa jimbo, mwanangu," akasema. "Alie nini?"