Sauti ya Gwakisa

Baada ya vita, Corrado alitengeneza filamu arobaini kule Roma, na hakuna hata moja iliyobaki na sauti za waigizaji wake. Ndivyo walivyofanya kazi: mwigizaji anahesabu tu mbele ya kamera, moja hadi kumi, kisha studioni mwingine mwenye sauti nzuri anamwekea maneno. Tepu za mwanzo zenye sauti zao zilikwenda jalalani, naye akijisifu kwa kubana matumizi.

Sasa, mwaka 1995, alikuwa wa kusukumwa kwenye kiti katika nyumba ya wazee huko Burnsville, Marekani. Siku hiyo muuguzi wake, Careen, alisimama ghafla mbele ya televisheni iliyokuwa ikionyesha mkanda wa filamu yake moja, trei ya dawa mkononi.

"Yule mwenye kofia ni baba yangu, Gwakisa. Mlikuja kupiga filamu kwetu Tukuyu. Alifariki hata sijaanza kutembea; namjua kwa picha tu."

Kwenye video Gwakisa alifumbua kinywa, ikatoka sauti nzito ya Mwitaliano.

"Sauti yake mwenyewe iko wapi, mzee?"

Corrado aliondoa macho kwenye televisheni, akamtazama.

"Niliitupa."

Careen alizima sauti, akarudisha mkanda nyuma, akasogea karibu na kioo na kusoma midomo ya baba yake.

"Saba," alisema polepole. "Nane. Tisa."

Hapo picha ikakatika. Corrado ndiye aliyeamuru ikatwe, kwa kuwa yule mtu alikuwa akijivuta mno.

Careen aliweka kiganja juu ya kioo.

"Kumi," akamalizia.