Gemu Aliyoifuta Mkurugenzi

Mtaani walimwita Mkurugenzi, na jina hilo alijipa mwenyewe. Kampuni yake ya video za harusi ilikuwa na mkurugenzi mmoja, mpiga picha mmoja, mhariri mmoja na mfagizi mmoja, na wote hao walivaa shati moja. Ofisi ilikuwa kona ya sebule, kati ya kabati la vyombo na dirisha lisilofunga sawasawa, na hapo ndipo ilipokaa kompyuta aliyoisifu kuliko alivyowahi kumsifu binadamu yeyote, mkewe akiwemo.

Mkewe alikuwa mfamasia. Asubuhi akishakwenda kwenye duka lake la dawa, nyumbani walibaki wawili: Mkurugenzi na mama mkwe wake, mwalimu mkuu mstaafu, aliyekuja kukaa nao kwa muda wakati nyumba yake inaezekwa upya. Nyumba ilishaezekwa, ikapakwa na rangi. Mama mkwe hakuonyesha hamu ya kwenda hata kuichungulia.

Kilichomshika ni mji. Binti yake alimwekea gemu ya kujenga mji ili asichoke kukaa bure, na yule mama, aliyezoea kutuliza shule nzima kwa jicho moja, akajikuta amepewa raia. Aliwachimbia mitaro, akawatandikia barabara, akawajengea shule kila kona. Viwanja vya michezo alivitoa kwa masharti. Kila mchana, Mkurugenzi akitoka kwenda kula, mama mkwe hukalia kile kiti na hatoki mpaka bomba la maji lifike mtaa wa mwisho.

"Shikamoo, Mama," Mkurugenzi husema, amesimama nyuma ya kiti chake mwenyewe kama mteja anayesubiri kuhudumiwa.

"Marahaba, baba. Nipe dakika mbili tu, daraja likikamilika nakuachia."

Dakika mbili za mama mkwe zilitosha mtu kunyoa nywele na kurudi.

Sasa siku moja kulikuwa na video ya harusi ya kukabidhi. Shangazi wa bibi harusi alikuwa ameshapiga simu asubuhi, akapiga tena kuuliza kama simu ya kwanza ilisikika vizuri. Mkurugenzi akaiagiza kompyuta itoe video nzima. Ikaenda, ikaenda, ilipofika pale bwana harusi anapomlisha mwenzake keki, ikasimama. Kwenye skrini kukatokea maandishi mekundu: nafasi kwenye diski haitoshi.

Mkurugenzi hakubabaika, maana yeye ni mtaalamu. Aliizima kompyuta akaiwasha. Akapuliza vumbi. Akaipiga kibao cha upole ubavuni, tiba ambayo majirani huja kuitafuta kwake. Ilipogoma mara ya tatu, akaegemea kiti, akafumba macho kidogo, na jibu likamjia lote kwa mkupuo mmoja: mji wa mama mkwe. Barabara zote zile, shule zote zile, zinakaa wapi kama si humu?

Mama mkwe alikuwa uani akianika nguo. Mkurugenzi akaikamata ile picha ndogo ya gemu iliyokuwa mbele ya skrini, yenye minara miwili, akaiburuta mpaka kwenye pipa la taka, kisha akalimwaga pipa. Ikasikika ile sauti ya karatasi inayokunjwa. Sauti hiyo ilimburudisha moyo. Akaiagiza video upya.

Keki. Maandishi mekundu.

"Bado haijapata habari," akasema Mkurugenzi, akimaanisha kompyuta, akaenda kula.

Aliporudi, alimkuta mama mkwe amekaa wima mbele ya skrini, mikono juu ya mapaja, kibanio cha nguo bado kimebanwa kwenye mkono wa gauni lake.

"Mkwe wangu," akasema bila kugeuka. "Mji wangu uko wapi?"

"Mama, kompyuta ilijaa. Ikabidi tupunguze mzigo."

"Tupunguze. Wewe na nani?"

"Ni mambo ya kitaalamu, Mama. Diski ikijaa, lazima kuna kinachotoka."

"Mle ndani kuna watu elfu arobaini."

"Lakini Mama, wale si watu kweli."

Hapo mama mkwe akageuka, akamtazama kama alivyokuwa akiwatazama wanaosema daftari limeliwa na mbuzi. Aliinuka, akaenda chumbani, akafunga mlango taratibu. Mkurugenzi akasikia zipu ya mkoba. Alihuzunika kwa uso na kufurahi kwa moyo, akijua sasa mgeni anafungasha. Kumbe mkoba ulifunguliwa ili kutoa simu.

Mfamasia alifika kabla ya wakati wake, koti jeupe bado mwilini.

"Umefuta gemu ya Mama?"

"Nimeifuta, ndiyo. Kazi ni kazi."

"Umepata nafasi?"

Mkurugenzi akakuna shingo. "Inakuja."

"Inatoka wapi, mpaka iwe inakuja? Hebu nipishe."

"Mke wangu, haya mambo yanahitaji..."

"Nipishe nikae."

Akakaa. Mama mkwe akatoka chumbani akasimama upande mmoja wa kiti, Mkurugenzi upande wa pili. Mfamasia hakupuliza wala hakupiga kibao. Alifungua mipangilio, akaingia mahali pa programu zilizosakinishwa, na orodha yote ikashuka mbele yao kama rafu za dukani kwake: programu ya kuhariri, ya kuchapisha, ya kalenda, na hapo katikati, minara miwili midogo.

"Mama, mji wako huu hapa."

"Na watu?"

Akaubofya. Muziki ukalia, barabara zikajichora, magari madogo yakaanza kutambaa juu ya daraja. Elfu arobaini na ushei. Wengine walikuwa wamezaliwa.

Mama mkwe alishusha pumzi ndefu. "Sasa mbona alisema ameufuta?"

Wote wawili wakamgeukia. Mkurugenzi, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ameligundua jambo hilo pamoja nao, akakohoa kidogo na kuvuta mabega nyuma.

"Ningewezaje kuufuta, Mama? Niliondoa picha ya nje tu, ile ya kufungulia. Gemu yenyewe niliiacha palepale, kwa heshima yako. Nilitaka kwanza nipime."

"Umeona?" mama mkwe akamwambia binti yake. "Kijana ana adabu. Wewe unamkaripia tu."

Na mambo yangeishia hapo kwa heri kabisa, Mkurugenzi akaondoka na adabu yake na utaalamu wake. Lakini mfamasia ni mtu asiyependa swali libaki wazi. Kama si mji, ni nini? Akaifunga gemu ya mama yake, akarudi kwenye ile orodha na kuipanga upya, kilicho kikubwa kikae juu. Mji wa mama mkwe, pamoja na mitaro na shule zake, ukaporomoka mpaka karibu na chini kabisa. Juu, peke yake, limekalia theluthi ya diski, likapanda gari jekundu la mashindano.

Mfamasia alikiachia kipanya.

Gari lile lilikuwa na historia ndani ya nyumba hiyo. Mwaka wa kwanza wa ndoa, Mkurugenzi alilikimbiza usiku hata mchana, mpaka siku moja akasinzia juu ya begi la kamera ukumbini, bibi harusi akaingia, akakaa, akala, akaondoka, wala hakupigwa hata picha ya kisigino. Mfamasia akamwambia achague. Mkurugenzi akachagua, tena kwa sherehe: alimwita mkewe awe shahidi, akaiburuta ile picha ya gari jekundu hadi kwenye pipa, akalimwaga, karatasi ikakunjwa, wakakumbatiana. Tangu hapo, kila alipopungukiwa na sifa, aliikumbushia kadhia hiyo. Mwanamume aliyeacha gemu kwa ajili ya mkewe. Shemeji zake walikuwa wameisikia mpaka wanaikamilisha wenyewe.

"Hii si ile uliyoifuta mbele yangu?" mfamasia akauliza, na sauti yake ilikuwa ya chini kuliko Mkurugenzi alivyoipenda.

Ukweli ulikuwa mfupi. Kwa miaka yote hiyo aliamini kwamba ukiitupa picha, gemu nayo imekwenda. Leo hii mchana bado aliamini hivyo. Alikuwa na njia mbili: akubali kwamba yeye, daktari wa kompyuta za mtaa mzima, hajui tofauti ya mlango na nyumba, au akubali kwamba ni mwongo. Alizipima upesi. Mwongo bado anaweza kuitwa mtaalamu.

"Nilikudanganya," akasema, na kifua mbele.

"Ulinidanganya."

"Niliondoa picha tu. Gemu nikaibakiza makusudi."

"Ukawa unaicheza?"

"Nikawa naicheza."

"Lini?"

"Ukiwa kazini. Nyakati nyingine nikisema nina kazi ya kuhariri." Na mtu akishaanza kukiri hashikiki. "Ile siku sufuria liliungua, nilikuwa nacheza. Siku ya kipaimara cha mtoto wa dada yako, nilichelewa kwa sababu hiyohiyo."

Mfamasia hakupiga kelele. Hilo ndilo lililomtisha Mkurugenzi. Alivua koti jeupe, akalikunja mapajani, akalikunja tena.

"Dukani nawaambia wenzangu, mume wangu akisema amesema," akasema. "Wanawake wanakuja kununua dawa za presha, wananilalamikia waume zao, nami nakutolea mfano. Nimekuwa nikiongea upuuzi, kumbe."

Macho yake yalikuwa yamelowa. Mkurugenzi alifungua mdomo. Lile neno dogo, *sikujua*, lilifika mpaka kwenye meno, likaona aibu, likarudi.

Muda wote huo mama mkwe alikuwa akimtazama mkwewe. Maisha yake yote alisikiliza watoto wakikiri makosa, na mkononi mwake walipita wengi waliojitwisha kosa kubwa ili dogo lisionekane. Akavuta kiti cha meza ya kulia, akakaa.

"Hebu tuone," akasema.

"Tuone nini, Mama?"

"Hiyo gemu. Umeacha kazi, umeunguza sufuria, umemliza mwanangu. Lazima utakuwa fundi. Cheza tuone."

"Mama, si wakati wake."

"Cheza, baba."

Mfamasia akampisha. Mkurugenzi akakaa kwenye kiti chake, akalibofya gari jekundu. Gemu ikaomba jina na neno la siri. Akakosea, akakosea tena, mkewe akamtajia. Ilipofunguka, akashika kipanya, kisha akakiachia, akashika vitufe, akavitazama kama vya kigeni. Taa zikawaka, moja, mbili, kijani. Magari mengine yote yakaruka mbele. La Mkurugenzi likarudi nyuma.

"Linapasha moto," akaeleza.

Akabonyeza kitufe kingine. Gari likapiga honi. Akabonyeza cha tatu, likachomoka, likapita kona ya kwanza bila kuitambua kuwa ni kona, likavunja uzio, likabiringika, likatulia chali, magurudumu yakizunguka.

"Huyu ndiye anayecheza kila siku?" mama mkwe akauliza.

Mfamasia alikuwa ameinama karibu na skrini. Mkurugenzi akaifunga gemu haraka, lakini nyuma yake ukabaki ukurasa wa duka la mtandaoni ilikonunuliwa gemu hiyo, wenye picha ya gari, ukubwa wake, na chini yake mstari mdogo: ilichezwa mara ya mwisho kabla ya leo. Ilikuwa ni wiki ileile ya sherehe ya kumwaga pipa.

Mfamasia akausoma. Akausoma tena kwa sauti.

"Hukuigusa hata siku moja," akasema.

"Nilikuwa na shughuli nyingi."

"Na sufuria?"

"Nilisahau tu. Kama watu wengine wanavyosahau."

"Kwa hiyo siku ile ulidhani umeifuta kweli." Akamzungusha na kiti chake mpaka wakatazamana. "Ulidhani picha ndiyo gemu. Leo pia, ya Mama, ulidhani umeifuta. Sema."

Mkurugenzi akatazama kabati la vyombo. Akatazama dirisha.

"Nilidhani," akasema, kwa sauti ya mtu anayeuliza choo kiko wapi.

Mfamasia alicheka mpaka akashika kabati, vikombe vikalia. Alicheka huku anapangusa macho kwa koti lake la kazi, akampiga mumewe begani, akamshika shingo, akacheka tena. Mama mkwe alijitahidi kukaza uso kiualimu, ukamshinda.

"Bora," mfamasia akasema alipopata pumzi. "Ah, bora mara mia."

"Bora nini?"

"Bora mjinga, mume wangu. Mjinga naweza kuishi naye."

Halafu akamwonyesha kitufe chenyewe, kilichoandikwa sanidua, cha kuing'oa gemu yenyewe, akamwambia abonyeze kwa mkono wake. Alibonyeza. Hapakusikika karatasi yoyote ikikunjwa. Mstari wa kijani ulitambaa tu kimya kimya, na gari jekundu likatoweka kwenye orodha. Diski ikapumua. Video ya harusi ikavuka keki, ikavuka zawadi, ikafika mwisho, na shangazi wa bibi harusi, aliyekuwa tayari ameshaanza kupiga simu nyingine, akaambiwa atume mtu.

Haikupita wiki, fundi cherehani wa jirani akaja amekumbatia kompyuta yake ya mkononi. Imejaa, akasema, na amefuta kila alichoweza kufuta. Mkurugenzi akamkaribisha kibarazani, maana ofisini mama mkwe alikuwa na mkutano kuhusu taka za mji wake. Akaifungua, akaitazama, akatikisa kichwa kwa masikitiko makubwa.

"Ulifuta picha za mbele tu?"

"Ndiyo. Kwani siyo hivyo?"

"Ndugu yangu," akasema Mkurugenzi, "yaani mpaka leo kuna mtu asiyejua kwamba..."

Ndani, kutoka kwenye kiti, mama mkwe alikohoa mara moja.

Mkurugenzi akapunguza sauti. "Njoo karibu," akasema. "Hata mimi kuna mtu alinionyesha."