Guleid Kwenye Foleni ya Maji

Alio hufungua bomba la kisima cha El Guleid jua likishapanda kiasi cha kuiamsha pampu ya sola. Ufunguo huufunga kwenye pindo la kikoi. Kabla ya kuzungusha koki humwuliza aliye mbele kwenye foleni ataje babu zake, naye huwataja mmoja baada ya mwingine mpaka afike kwa Guleid, aliyekichimba kisima kile. Akifika, Alio huzungusha koki, maji huingia kwenye birika la mifugo, na ngamia huinamisha shingo. Watoto wa El Guleid hufundishwa majina hayo kabla ya kujua kufunga viatu, kwa hiyo foleni haikwami.

Juu ya kichwa cha Alio, kwenye tangi, yameandikwa kwa rangi ya buluu maneno aliyoyasema Guleid mwenyewe katika ukame wa zamani: MWENYE KIU HAULIZWI BABU YAKE. Herufi ni kubwa, na hata mwenye macho mabovu huzisoma akiwa barabarani. Watu wa El Guleid wanayapenda maneno hayo kwa dhati. Husemwa harusini na mazikoni, yamo kwenye fulana za timu ya mpira, na Barre, mwenyekiti wa kamati ya kisima, huyaweka kwenye simu yake kila Ijumaa ili marafiki zake wa Garissa wayaone. Hakuna aliyepata kuona tatizo. Tangi liko juu, foleni iko chini.

Kinsi alifika akitokea upande wa Takaba, mjane, na ngamia mmoja. Ngamia wengine walilala njiani wasiinuke. Huyu aliyebaki alikuwa na mimba iliyokaribia kuzaa. Akizaa kutakuwa na maziwa, na maziwa yakiwapo Kinsi ataweza kumchukua binti yake Hinda, aliyemwacha Takaba kwa watu, akila kwa huruma yao. Hiyo ndiyo ilikuwa hesabu yake yote.

Alimtajia Alio babu zake. Walikuwa wengi na wa heshima, lakini Guleid hakuwamo.

"Ngoja pale nyuma, eedo," Alio akasema, akimwita kwa heshima kama shangazi yake. "Wenyewe wakimaliza, utanywesha."

Wenyewe hawakumaliza. Jua lilitua, pampu ikazimika, na kesho yake ikawa vivyo hivyo. Alio si mtu mbaya. Kila siku alimletea Kinsi kikombe cha maji kutoka kwenye mtungi wake mwenyewe, kwa maana binadamu hanyimwi maji. Ngamia ni mfugo, na mifugo ina foleni yake.

Siku miguu ya ngamia ilipoanza kutetemeka, Kinsi alinyoosha kidole kuelekea kwenye tangi.

"Na ile imeandikwa nini?"

"Ile ni methali, eedo," Alio akamjibu kwa upole. "Hii ni kamati."

Kinsi akayasoma maneno yale kwa sauti, polepole, mpaka mwisho.

Baada ya sala ya alasiri Guleid akaja. Alitokea upande wa makaburi, fimbo begani, ndevu bado zina hina, sanda ameifunga kiunoni kama kikoi na mikunjo yake imejaa vumbi jekundu. Watu walimpa salamu, akaitikia. Istahil, mama wa chai, alimwekea kiti cha plastiki na kumwuliza kama anatumia sukari, kwa sababu siku hizi wazee wengi wamekatazwa.

"Nyinyi mnasema sana," Guleid akalalamika. "Kila harusi mnaniamsha. Huwa najifunika nalala tena. Leo nimesikia mtu anasema na koo yake imekauka. Nikaona haya kulala."

Barre alikuja mbio huku akivaa koti. Ni kilembwe wa Guleid, na alipomwona mzee alilia machozi ya kweli. Kisha akahutubia. Alisema maneno ya awowe, babu yao wote, ni taa isiyozimika, na kwamba dunia ya leo inayahitaji kuliko ya jana. Makofi yakapigwa.

"Basi mnywesheni ngamia wa huyu mama," Guleid akasema.

Makofi yakapigwa tena. Koki haikuzungushwa.

"Awowe, wewe ulisema mwenye kiu," Barre akaeleza. "Sisi kama kamati tumekubaliana hiyo ni mtu. Mtu anapewa, wallahi, hakuna mtu amenyimwa hapa. Mnyama ni kitu ingine."

"Siku ile nilipoyasema, mwenye kiu alikuwa punda."

Watu wakacheka kwa adabu, kama wanavyochekewa wazee. Guleid hakucheka. Aliinuka, akaishika kamba ya ngamia wa Kinsi, akaenda kwenye foleni. Waliokuwa mbele walimpisha mpaka akafika bombani. Alio alimwamkia upya, kisha akamwuliza babu zake, kwa kuwa kila mtu huulizwa, na kumruka mzee kungekuwa dharau.

"Guleid, Nuh, Liban, Mursal," mzee akaanza, akaendelea mpaka kwenye majina ambayo hakuna aliye hai aliyewahi kuyasikia. Yalikuwa majina mazuri, na hata wanawake waliokuwa wakigombana juu ya mitungi walinyamaza. Alipomaliza, Alio alikuwa bado ameshika koki, anangoja.

"Hujafika kwa Guleid, awowe."

"Nimeanza na Guleid."

"Ndiyo. Lakini sharti ni kufika."

Kamati iliketi kwenye kivuli cha tangi ikalijadili jambo hilo bila haraka. Mmoja alisema, kwani huyu si ndiye aliyechimba kisima? Mwingine akauliza, je, mtu anaweza kuwa mtoto wake mwenyewe? Barre alisema inamuuma, na ilikuwa ikimuuma kweli, lakini sheria ni msumeno, na wakimfungulia huyu leo, kesho kila maiti atakuja ameshika kamba ya ngamia wa mgeni. Wakapitisha kwamba Guleid apewe kikombe cha maji, atengewe kiti cha mbele katika mikutano yote, na arudi nyuma ya foleni.

"Basi futeni maneno yangu," Guleid akasema.

"Hayo si yako tena, awowe," Barre akamjibu, akamshika mkono kwa mapenzi. "Ni yetu sote."

Guleid akampa Kinsi kikombe chake. Kinsi akamimina maji kiganjani kidogo kidogo, ngamia akayalamba, mpaka yakaisha. Wakakaa nyuma ya foleni, yule mjane na yule marehemu. Jua likatua.

Asubuhi ngamia hakuinuka. Kinsi alimvuta, akamsukuma kwa bega, akamwita kwa sauti ile ya kumwitia malishoni, kisha akaketi chini akalia. Guleid alipoona shingo inalala aliomba kisu, akamwelekeza kibla na kumchinja kabla hajawa mzoga. Ndama aliyekuwa tumboni alikuwa jike, na manyoya yake yalikwishaota.

Nyama ya ngamia ni nyingi na jua la kule halina subira. Akichinjwa mmoja namna hiyo, aliye karibu hula. Watu wakatoka na sufuria zao. Kinsi akawagawia akiwa amepiga magoti, mikono imelowa damu mpaka viwikoni. Barre alituma mtu. Alio alikuja mwisho, macho chini, ameshika beseni la mkewe. Kinsi hakumwuliza chochote. Alimjazia, akaongeza kipande cha nundu, ambacho hupewa mgeni wa heshima.

"Allah akulipe, eedo."

"Amin."

Guleid hakurudi makaburini. Yuko El Guleid mpaka leo, na kiti chake cha mbele hufutwa vumbi kabla ya kila mkutano, ingawa yeye hukaa kule nyuma ya foleni na mgeni yeyote aliyekuja na mnyama. Wanaopita barabarani husimamisha gari wakapiga naye picha, na mnamo Ramadhani maneno yake yalipakwa rangi mpya.

Kinsi alikaanga sehemu yake ikawa nyirinyiri, nyama kavu isiyooza njiani, akaitia kwenye kibuyu cha maziwa kwa kuwa hakuwa na chombo kingine, akashika njia ya Takaba. Hinda alimwona kwa mbali akamkimbilia. Aliona kibuyu kizito, akakipokea kwa mikono miwili, akafurahi.

"Amezaa, hooyo?"

"Kula kwanza, mwanangu," mama yake akasema.