Kitambi cha Mgombea

Mwaka wa tisini, miezi michache kabla ya vita, wafanyabiashara wa mtaa wa Muhima walitaka mwenyekiti mpya wa chama chao, na sifa iliyomweka Maneno mbele ya wenzake ilikuwa kitambi chake. Alikuwa muuza vitenge mwaminifu, lakini hilo hakulitaja mtu.

"Huyu kashiba zamani," walisema. "Atakula nini tena? Yule Bizimana, mwembamba kama ufito, tukimpa chama atakitafuna na mifupa."

Bizimana, mpinzani wake, aliuza vipuri vya baiskeli ng'ambo ya barabara, sigara haimtoki mdomoni. Kila alipomwona Maneno akipanda kilima kutoka Nyabugogo, akisimama hapa na pale kama anayesalimia watu, alipiga kelele: "Lori imechemka!"

Maneno hakuwa akimsalimia mtu. Kila akipanda, kifua kilimbana kana kwamba kuna mtu kamkalia, akitulia, kinaachia. Mkewe Swafiya alipogundua, alimshika mkono wakaenda kwa daktari, mama mmoja mpole aitwaye Kankindi.

Kankindi alimpima, kisha akamchorea mshipa wa damu.

"Ndani mshipa una ngozi laini," alisema. "Presha na moshi vinaichubua, na mafuta yaliyo kwenye damu yanapenya chini yake, ndani ya ukuta wenyewe. Mwili unatuma askari wake wakayasafishe. Wanakula mafuta, wanakula, mpaka wanavimba na kufia humo humo. Basi wanatumwa wengine."

"Nao wanakula?"

"Nao wanakula. Uvimbe unakua, njia ya damu inakuwa nyembamba, na mwili unaufunika kwa kifuniko. Siku kifuniko kikipasuka, damu inaganda pale pale, njia inaziba, na moyo unakosa damu."

Maneno aliutazama mchoro. Utawala wa namna hiyo aliufahamu; hakujua tu kama ulikuwa umefika hadi kifuani mwake.

"Kwa hiyo nikipunguza tumbo nimepona?"

"Itasaidia. Lakini tumbo tunaliona, haya hatuyaoni. Hata mwembamba anaweza kuwa nayo, hasa mvuta sigara."

Tangu siku hiyo Swafiya alipika mboga za dodo na maharage, na mishikaki ya mbuzi ikawa hadithi. Maneno akapungua, na kilima kikaanza kumhurumia. Aliyekonda kwa mawazo ni mpiga debe wake, Bayingana, muuza saruji mwenye tumbo kama pipa.

"Unaniua, mzee!" alilalamika. "Mtaani wanasema ama umefilisika, ama iko na SIDA, ule ugonjwa wa kukondesha. Kura zinakimbia!"

Wakashauriana, na Bayingana akaja na mto wa sufi. Swafiya aliushonea kamba za kufungia kiunoni.

"Nimeolewa na mwanamume," alisema akikata uzi kwa meno, "sasa namvisha mimba."

Siku ya uchaguzi walikutana katika ukumbi mmoja wa mtaa wa Gitega. Maneno aliingia na kanzu iliyotuna, watu wakashangilia kitambi kurudi nyumbani. Akasema machache, akaketi kwa uangalifu. Bizimana akasimama.

"Ndugu zangu, mimi si mnene, lakini..."

Jasho lilimtoka kama maji, mkono mmoja ukakamata kifua, mwingine taya.

"Ameogopa!" alicheka Bayingana. Nusu ya ukumbi ikacheka naye.

Maneno hakucheka. Alimfikia Bizimana akiwa anaporomoka, akamlaza, akatazama huku na huko apate cha kumwegemeza. Hakikuwepo. Basi akapandisha kanzu mbele ya umma, akakata kamba, akautoa mto na kuuweka nyuma ya mgongo wa mpinzani wake.

"Bayingana, gari yako!"

"Baada ya kura, mzee. Bado kidogo tu."

Maneno alimtia mkono mfukoni, akachukua ufunguo, akampa kijana wa duka lake aliyejua kuendesha. Wakambeba Bizimana na kuondoka.

Hospitalini Kankindi na wenzake walihangaika naye mpaka jioni, na moyo ukakubali kuendelea. Swafiya alifika na habari za ukumbini.

"Wamemchagua Bayingana," alisema. "Lakini wamemfungua shati kwanza, wakampapasa, wakahakikisha."

Bizimana alitaka kucheka; Kankindi akamkataza kwa kidole.

"Mimi nilisema huu ni ugonjwa ya matajiri," alinong'ona Bizimana. "Nilikucheka, Maneno."

"Na mimi nilidhani wewe huna hata pa kuyaweka mafuta."

Maneno alimgeukia daktari. "Na yangu, muganga? Yataisha?"

"Yote hayaishi. Tunazuia yasiongezeke, na kifuniko kisipasuke. Ni kazi ya maisha."

Maneno akaitikia kwa kichwa. Mke wa Bizimana alikuwa bado njiani kutoka Batsinda, kwa hiyo Maneno akavuta kiti, akaketi karibu na kitanda, kanzu ikimpwaya, wakazungumza habari za bei ya baiskeli.