Kiroboto Amefaulu

Funguo zilipolia mwisho wa korido, mama alimsukuma mtoto ndani ya stoo ya mafagio akaurudishia mlango. Hakuwa na haja ya kusema neno. Mtoto alishajua: ukisikia funguo, unakalia ndoo iliyopinduliwa, unabana pumzi, unasubiri. Mle ndani dawa ya sakafu ilinuka mpaka machozi yakatoka, kwenye jicho zima na kwenye lile lililogeukia puani, yote mawili sawasawa.

Aliyekuja na funguo alikuwa msimamizi wa wafagiaji. Wenyewe walimwita Bwana Funguo, ila si mbele yake.

"Chumba cha macho bado?"

"Namalizia, bosi."

"Saa moja nataka nijione uso sakafuni."

"Utajiona, bosi." Kimoyomoyo akamwomba Mungu amsamehe, maana alikuwa akifikiri kwamba uso wenyewe si wa kuhangaikia kiasi hicho.

Kuja kazini na mtoto halikuwa kosa la kuonywa, lilikuwa la kufukuzwa. Lakini jirani aliyekuwa akimwangalia mtoto alihama, na mlango wa chumba chao ulifungwa kwa kamba. Baba mtu alikwenda kutafuta kazi, na huko kutafuta sasa kulikuwa kumeingia mwaka wa tatu. Basi kila siku kabla jua halijatoka mtoto alimfuata mama yake nyuma nyuma mpaka hospitali, na saa mbili, zamu ikiisha, wakatokea mlango wa nyuma.

Mtoto waliyemwita Kiroboto si wa kukaa pahali akatulia. Ili asipeleke mikono yake kwenye vyupa vya watu, mama alimpa kazi: kwenye ukuta wa chumba cha macho palikuwa na kibao cha herufi, kubwa juu, zikipungua mpaka chini zikawa kama chawa. Mama akipiga deki, mtoto anasoma kwa mnong'ono. Mistari mitano. Mwezi wa pili aliimaliza yote, na siku hiyo mama aliegemea fimbo ya deki akacheka peke yake. Yeye aliishia darasa la saba. Huyu ataanza la kwanza akiwa na herufi zake mfukoni.

Habari za jicho pia mama aliziokota humo humo. Hakuna anayepunguza sauti kwa ajili ya mtu anayepiga deki. Alimsikia daktari akiwaambia wazazi wengine, mwaka hadi mwaka, kwamba jicho likikaa upande ubongo unaletewa picha mbili, unachoka nazo, unaamua kuamini moja. Jicho la pili linabaki pambo. Mtoto apewe miwani, au jicho zima lizibwe kitambaa saa kadhaa kwa siku ili lile goigoi lilazimike kufanya kazi, au misuli ipasuliwe, lakini mapema, kabla hajafika miaka saba. Ukichelewa, unaweza kulinyoosha likapendeza kwenye picha. Kuona, ndiyo basi.

Wifi zake walisema makengeza ya utotoni huondoka pamoja na meno ya utotoni. Kiroboto alikuwa ameshang'oka mawili ya mbele. Jicho lilikuwa pale pale.

Madaktari wageni walikuja mara moja kwa mwaka, siku mbili, kupasua macho ya watoto thelathini bila malipo. Mama aliandikisha mapema, akabadilishana zamu na mwenzake, na siku yenyewe akavaa gauni lake la kwendea ibada. Walikaa kwenye benchi tangu alfajiri. Bwana Funguo alikuwa akipanga foleni siku hiyo. Alimwona, akamtazama mtoto, akasema tu, "Kumbe una mtoto," kisha akapita.

Walipoingia, sista alikuwa na kalamu sikioni na macho ya mtu aliyeshapima watoto sabini. Mezani palikuwa na kadi yenye picha ya mkono wa vidole vitatu, ya kuwapimia wasiojua kusoma.

"Huyu wa kadi?"

"Herufi anazijua, sista." Mama hakuweza kujizuia. "Anazijua zote."

"Afadhali. Ya kadi inanichosha."

Kwanza wakaziba jicho lililogeuka. Kiroboto akasoma vizuri. Kisha wakaziba jicho zima. Sista akagusa mstari wa nne kwa rula.

"Soma hapa."

"Lazima nianze juu," Kiroboto alisema.

Sista akacheka, cheko lake la kwanza siku nzima. "Haya, mwalimu, anza juu."

Akaanza. Mistari yote mitano, bila kukwama, kwa ule mnong'ono wake wa alfajiri. Uso wake ulikuwa umeelekea dirishani.

Mama alitazama dirisha, akatazama kibao. Alipopata sauti, sista alikuwa ameshaandika, ameshapiga muhuri, na kumbandikia Kiroboto nyota ya karatasi kifuani.

"Anaona macho yote mawili. Hilo ni la sura tu, mama, halina haraka. Anayefuata."

"Sista, samahani. Hakusoma."

"Hakusoma vipi? Nimemsikia mwenyewe."

"Amekariri."

"Amekariri wapi? Kibao kinakaa humu, na humu watoto hawashindi."

Mlango ulikuwa wazi nusu. Funguo zilisikika hapo nje, karibu kabisa. Mama akafikiria kodi, unga, na lile gauni alilovaa, lililonunuliwa kwa kazi hii. Akapiga moyo konde.

"Huwa naingia naye. Nikija kudeki."

Funguo zikanyamaza.

Sista alishusha kalamu taratibu. Hakuwa mtu mbaya. Mama alikuwa amemfutia meza miaka minne na hakuwahi kumsikia akimtukana mtu. "Kwa nini unaniambia?"

"Mpime kwa kadi. Dakika moja tu. Si ile pale?"

"Halafu nikikuta haoni, nimpeleke wapi?" Aligeuza orodha ili mama aione. Kwenye nafasi ya thelathini, ya mwisho, palikuwa pameandikwa jina kwa kalamu nyingine, na pembeni yake: ofisi kuu. "Huyo hata benchi langu hajalikalia. Nimeletewa asubuhi. Mtoto wako aliposoma yote nilimshukuru Mungu, nikasema angalau mmoja sitamdhulumu."

"Basi nitafanya nini?"

"Rudi mwakani."

"Mwakani atakuwa na saba. Na bango lenu linasema kabla ya saba."

"Bango gani?"

"La koridoni. Nalifuta vumbi kila siku."

Sista alirudisha kalamu sikioni. Kadi ya vidole vitatu ilikaa pale mezani, hatua moja kutoka kwa mtoto.

Nje Bwana Funguo alikuwa amenyoosha mkono. "Kitambulisho. Aproni utaileta kesho, ikiwa imefuliwa."

"Bosi, ninaye huyu tu."

"Nimemwona. Ndiyo maana nakwambia."

Mama alifungua pochi, akampa. Alipogeuka, Kiroboto hakuwa mkononi. Alikuwa benchini, ametunisha kifua chenye nyota mbele ya mvulana wa miaka minne hivi, ambaye jicho lake la kushoto lilikuwa limeegemea pua. Mama wa mvulana alikuwa akitabasamu.

"Wako amepita, dada? Hongera. Mwache kidogo amfundishe na huyu wangu. Nasikia wasiojua wanapasuliwa."

Kiroboto alikuwa ameshamziba mvulana jicho moja kwa kiganja. "Unaanza juu," alimwambia, akimnong'oneza herufi. "Usiangalie, sema tu."

"Asikariri, dada yangu," mama alisema. "Nakuomba. Mwache aonekane asivyoona, aandikwe hata kwa mwakani. Wangu wamemwacha kwa sababu hiyo hiyo."

Yule mwanamke aliitazama nyota. Akamtazama mama, lile gauni la ibada, yale macho mekundu. Tabasamu likaondoka.

"Yaani wako apite, wangu afeli? Haya, ahsante."

"Anayefuata," sista aliita.

Mwanamke alimnyanyua mwanawe, akampita mama bila kumgusa. Mvulana aliingia chumba cha macho akiwa begani, kichwa kikitazama nyuma, midomo ikicheza.