Njaa Mbili za Kavata

Kavata aliapa mara mbili kuhusu umri wa bintiye, na mara zote mbili serikali ilimwamini upesi.

Mara ya kwanza ilikuwa Kitui, mwaka wa 1980. Bintiye Nzilani, yaya kwa mwenye duka huko Matinyani, alishtakiwa kuiba blanketi na redio. Karani wa mahakama, Mutie, alimvuta Kavata pembeni akamwonya: mtoto hupelekwa shule ya kurekebisha tabia, akaozea huko, mtu mzima hupigwa faini, akarudi kwao. Basi hakimu alipouliza msichana alizaliwa lini, Kavata, ambaye cheti hakuwahi kukiona, akataja njaa ya Ndeke, ile ya chakula kudondoshwa na ndege. Hakimu akahesabu: miaka kumi na tisa. Daktari hakuitwa. Wala hakimu hakumtazama usoni yule mtoto aliyesimama kizimbani akitafuna kola ya gauni. Faini gani? Alimfunga miezi kumi na minane, pamoja na wanawake wazima.

Mchungaji alimwandikia Kavata barua kwa Mahakama Kuu, faili iitwe ikaguliwe. Faili ikalala. Wakubwa hawana haraka na mtoto wa mtu. Mwezi wa kumi na moja wa kifungo, askari wa jela alikuwa ameshamwambia Kavata alete nguo, kwamba kwa tabia njema Nzilani atatoka baada ya wiki nne, ndipo mama alipoitwa Mahakama Kuu, Nairobi.

Alijua kiapo cha uongo kina jela yake. Alisema tu.

"Ni wa njaa ya Ata, mheshimiwa. Ile ya unga wa ngano wa msaada. Nilipanga foleni naye mgongoni. Ana miaka kumi na mitano."

"Kwa nini ulidanganya?"

"Niliambiwa mkijua ni mtoto mtamchukua."

Jaji alimsamehe. Alisoma uamuzi mrefu, akamkemea hakimu kwa kumtupa mtoto jela, akakifuta kifungo. Kavata akaanza kumshukuru Mungu kwa Kikamba.

Jaji akafunua ukurasa wa mwisho. Kwa kuwa ni mtoto, apelekwe shule ya kurekebisha tabia, miaka mitatu.

"Si mmefuta?" Kavata alimuuliza mkalimani.

"Wamefuta kifungo, mama. Hii si kifungo. Ni ya kumsaidia."

Kavata alishika ukingo wa kizimba kwa mikono miwili.

"Basi andikeni Ndeke," alisema. "Nimekosea. Ni wa Ndeke."

Mkalimani hakutafsiri. Jaji alikuwa ameshaitisha faili nyingine.